Safari ya Siku Moja katika Nchi ya Wamaya

Katika nchi iitwayo Yucatán, watu wawili wakikutana njiani asubuhi, mmoja humwuliza mwenziwe, "Bix a beel?" Maana yake ni, "Njia yako i hali gani?" Na mwenziwe hujibu, "Ma'alob," yaani, "Ni njema." Hii ndiyo salamu ya Wamaya, wala si salamu ya kale iliyochimbuliwa kaburini. Hata leo watu zaidi ya 700,000 wa huko huijua lugha hiyo na kuisema. Nimeanza na salamu hii kwa makusudi, maana vitabu vingi husimulia habari za Wamaya kana kwamba ni taifa lililotoweka duniani, likaacha mawe matupu. Basi iwekeni salamu hiyo moyoni mpaka mwisho wa safari yetu.

Yucatán ni sehemu ya nchi ya Meksiko. Mkitazama ramani ya Amerika, mtaona mahali ambapo bara linakuwa jembamba, na hapo kipande kikubwa cha nchi kimejitokeza baharini kuelekea kaskazini, mfano wa kidole gumba. Magharibi na kaskazini yake ni Ghuba ya Meksiko, mashariki ni Bahari ya Karibi. Mji mkubwa wa huko ni Mérida, na kila siku wageni huondoka hapo kwa safari ya siku moja. Asubuhi huangalia magofu ya Wamaya, adhuhuri huoga katika shimo la maji, alasiri hutembelea miji iliyojengwa na Wahispania, na usiku hurudi. Sisi nasi tuifanye safari hiyo kwa mawazo, maana nauli ya mawazo haimshindi mtu. Tumtwae kiongozi mmoja katika viongozi wa huko. Wengi wao ni Wamaya wenyewe, nao hufundishwa kazi yao na kupewa cheti, kama sisi walimu tupewavyo.

Twaondoka Mérida saa kumi na mbili, kabla jua halijawa kali, kwa kuwa magofu hufunguliwa saa mbili na mwendo wake ni kilomita 120 hivi. Njia imenyoka kama uzi. Huku na huku ni msitu mfupi wa miti myembamba, na nchi yote ni tambarare. Hapana kilima, hapana bonde. Sasa tazameni vema dirishani, mhesabu madaraja ya mito tutakayoyavuka mpaka mwisho wa safari. Mtachoka kutazama, maana hamna hata moja. Mvua hunyesha huko, tena nyingi wakati wa masika yao, walakini kaskazini ya Yucatán haina mto hata mmoja juu ya ardhi. Mito yake iko chini ya miguu ya watu.

Sababu yake ni hii. Yucatán yote ni mwamba wa chokaa, uliofanyika chini ya bahari zamani sana kwa magamba na mifupa ya viumbe wadogo. Watoto wa Unguja, Mombasa na Kilwa wanalijua jiwe la jamii hii, maana nyumba zao za zamani zimejengwa kwa mawe ya namna hiyo. Mvua inyeshapo, maji hayakai juu, bali hupenya katika nyufa. Tena maji ya mvua, yakipita hewani na katika udongo, hupata ukali kidogo, kama maji mengi yaliyotiwa tone la ndimu, na ukali huo huila chokaa polepole. Miaka elfu kwa elfu ikapita, mwamba ukatobolewa kwa ndani, yakafanyika mapango na mito ya chini kwa chini. Mahali pengine dari ya pango ikachoka ikaanguka, likabaki shimo la mviringo, na maji yake yakaonekana huko chini, ya buluu na maangavu. Shimo la namna hiyo Wamaya huliita ts'onot. Wahispania walipoligeuza neno hilo kwa ndimi zao, likawa cenote.

Jambo la kustaajabisha ni kwamba mashimo mengi ya upande wa kaskazini-magharibi yamepangana kwa duara, kama ukingo wa sahani iliyokatwa kati. Miaka milioni 66 hivi iliyopita jiwe kubwa mno lilishuka kutoka angani likapiga mahali hapo, likachimba shimo lenye upana wa kilomita 180 hivi. Vumbi lake na moto wake uliwaangamiza viumbe wengi wa dunia, wakiwamo wale mijusi wakubwa waitwao dinosau. Shimo lenyewe halionekani tena, maana lilifukiwa na matope ya bahari yaliyogeuka kuwa mwamba. Lakini penye ukingo wake mwamba ni dhaifu, na hapo ndipo maji yalipopata njia. Upande wa mashariki, karibu na mji wa Tulum, wapiga mbizi walitangaza mwaka 2018 kwamba wamefuata mapango yaliyojaa maji, yaliyoungana moja kwa moja kwa urefu wa kilomita 347. Katika shimo moja la mapango hayo iligunduliwa mwaka 2007 mifupa ya msichana wa miaka 15 au 16, aliyeishi zaidi ya miaka 12,000 iliyopita. Alitumbukia gizani, yadhaniwa kwamba alikuwa akitafuta maji.

Basi hapo penye kisima ndipo watu walipokaa. Hata jina la mji tunaouendea ladhihirisha jambo hilo. Chichén Itzá ni maneno ya Kimaya: chi' ni kinywa, ch'en ni kisima, na Itzá ni jina la kabila. "Kinywani mwa kisima cha Waitza." Mji huo ulisitawi hasa kati ya miaka 800 na 1100, ukawa na nguvu juu ya nchi pana.

Tumefika. Twapita langoni, twafuata kijia chini ya miti, na mara miti yaachana na uwanja mkubwa wa majani watokea mbele yetu. Katikati ya uwanja umesimama mlima wa mawe uliojengwa kwa mikono: piramidi ya Kukulkán. Kila upande wa chini una urefu wa mita 55 hivi, na kutoka chini mpaka juu ya hekalu lililo kileleni ni mita 30 hivi. Pande zake ni nne, na kila upande una ngazi yenye vidato 91. Zidisheni 91 kwa 4, mtapata 364. Ongezeni sakafu ya juu, iwe kama kidato kimoja, jumla ni 365, hesabu ya siku za mwaka. Kukulkán maana yake ni nyoka mwenye manyoya, na vichwa viwili vya nyoka wa mawe vimeachama chini ya ngazi ya kaskazini. Mara mbili kwa mwaka, mwezi wa Machi na mwezi wa Septemba, siku ambazo mchana na usiku hulingana, jua la alasiri huipiga pembe ya piramidi, na mwanga na kivuli hufanya pembe tatu moja baada ya moja kando ya ngazi, mpaka yaonekana kana kwamba nyoka anashuka kutoka juu, mwili wake ukiungana na kile kichwa cha jiwe. Siku hizo maelfu ya watu hukusanyika kutazama.

Kiongozi hupiga makofi mara moja mbele ya ngazi, na mwangwi unaorudi si mlio wa makofi. Ni mlio mwembamba wa kushuka, kama wa ndege. Wenyeji husema ni sauti ya quetzal, ndege wa kijani mwenye mkia mrefu, ambaye manyoya yake yalikuwa mapambo ya wafalme. Vidato vile vingi hurudisha sauti kimoja baada ya kimoja, ndiyo sababu ya mlio huo. Kupanda juu siku hizi hairuhusiwi, maana nyayo za wageni zilikuwa zikiyala mawe. Ndani ya piramidi hii mna nyingine ndogo; wachimbaji waliingia humo katika miaka ya 1930 wakakuta kiti cha mfano wa jagwa, yule chui wa Amerika, kilichopakwa rangi nyekundu na madoa yake ni vipande vya jiwe la kijani. Na mwaka 2016 wataalamu walitangaza kwamba, kwa kupima jinsi umeme unavyopita katika mawe, wameona ya tatu iliyo ndogo zaidi ndani ya ile ya pili. Desturi ya Wamaya ilikuwa hiyo: hawakubomoa jengo la babu zao, walilifunika kwa kubwa zaidi.

Sasa fikirini. Watu hao hawakuwa na chombo cha chuma. Hawakuwa na ng'ombe, wala farasi, wala punda wa kubeba mzigo, wala hawakutumia gari la magurudumu. Mawe yote yalichongwa kwa mawe, yakabebwa kwa migongo ya watu, yakashikamanishwa kwa chokaa waliyoichoma wenyewe. Na hesabu zao zilikuwa za werevu mwingi. Sisi huhesabu kwa makumi, kwa kuwa tuna vidole kumi vya mikono. Wao walihesabu kwa ishirini, wakiongeza na vya miguu. Alama zao zilikuwa tatu tu: nukta ilikuwa moja, mstari ulikuwa tano, na umbo kama kombe la pwani lilikuwa sifuri. Kwa hiyo 13 huandikwa mistari miwili na nukta tatu juu yake. Jaribuni wenyewe kuandika 17 ubaoni. Ile sifuri msiidharau. Warumi, pamoja na ukuu wao wote, hawakuwa na alama ya sifuri katika tarakimu zao. Mwaka wa Wamaya ulikuwa na miezi 18 ya siku ishirini ishirini, na siku tano za mwisho zilizohesabiwa kuwa za kisirani. Tena waliifuata nyota ya Zuhura usiku kwa usiku, wakajua kwamba huchukua siku 584 kurudi mahali pake angani. Hapo Chichén Itzá pana mnara wa mviringo ambao madirisha yake, wataalamu wasema, yalielekezwa penye machweo ya nyota hiyo.

Wazungu wengi walipoyaona magofu haya katika karne ya 19 hawakukubali kwamba yamejengwa na babu za wakulima waliowaona karibu yake. Wengine walisema ni kazi ya Wamisri, wengine Wafoinike, wengine makabila ya Israeli yaliyopotea. Maneno hayo sisi Waafrika twayajua. Ndiyo yaliyosemwa juu ya kuta za Zimbabwe, kwamba zilijengwa na watu wa Malkia wa Sheba, mtu ye yote isipokuwa Mwafrika, mpaka wachimbaji wenye elimu, na wa mwisho wao Bibi Gertrude Caton-Thompson mwaka 1929, walipoonyesha kwamba ni kazi ya Waafrika wenyewe. Kwa Wamaya, aliyesema kweli mapema ni Mmarekani John Lloyd Stephens. Alifika Chichén Itzá mwaka 1842 pamoja na mchoraji Frederick Catherwood, na katika vitabu vyake aliandika kwamba wajenzi walikuwa wazee wa watu wale wale waliokuwa wakiishi nchini. Alitumia macho yake tu, akaona kwamba sura zilizochongwa juu ya mawe zafanana na sura za watu waliombebea mizigo.

Upande wa pili wa uwanja upo uwanja wa mchezo wa mpira, wenye urefu wa mita 168, ulio mkubwa kuliko vyote vijulikanavyo katika nchi za Wamaya. Wachezaji walipiga mpira mzito wa utomvu kwa nyonga, si kwa miguu, na juu ukutani zimo pete mbili za mawe. Ninyi wachezaji wa shule mngependa kuuona, lakini jua lazidi kupanda, nasi tuna njia nyingine ya kufuata.

Njia hiyo ni ndefu kiasi cha mita 300, iliyoinuliwa kwa mawe na zamani kupakwa chokaa. Wamaya huita njia ya namna hii sakbe, "njia nyeupe." Be hiyo ndiyo ile ile iliyomo katika salamu yetu. Mwisho wake ni kisima kikubwa, duara lenye upana wa mita 60 hivi, kuta zake zimesimama wima, na maji ya kijani yako chini sana. Kisima hiki hakikuwa cha kunywa. Maji ya kunywa yalitekwa katika kisima kingine upande wa kusini. Hiki kilikuwa cha ibada. Wamaya waliamini kwamba humo ndimo anamokaa mwenye mvua, na mvua ilipokosekana walimtupia vitu vya thamani. Mmarekani mmoja, Edward Thompson, alinunua shamba lililokuwa na magofu hayo mwaka 1894, na tangu mwaka 1904 akakikwangua kisima kwa ndoo ya chuma. Akatoa dhahabu, kengele za shaba, mawe ya kijani yaliyochongwa, ubani, na mifupa ya watu, wakubwa kwa wadogo. Jambo hili ni la kuhuzunisha, wala sitalificha. Watoto pia walitupwa humo. Mwenye kusifu hesabu za Wamaya lazima aitazame na mifupa hiyo. Vitu vingi vya thamani Thompson alivipeleka kwa siri Marekani, katika nyumba ya makumbusho ya Harvard. Baadaye baadhi yake vilirudishwa Meksiko.

Tutokapo twapita katikati ya wachuuzi, wanaume kwa wanawake, waliotandaza vinyago, kofia na nguo zilizotariziwa. Wakisemezana wao kwa wao, sikilizeni: ni Kimaya.

Mwendo wa dakika chache kutoka hapo lipo shimo liitwalo Ik Kil, na sasa twaweza kuoga. Kwanza kila mtu huagizwa kujimwagia maji mwilini na kuondoa mafuta yote aliyojipaka, kwa kuwa maji haya hayakutengwa na maji mengine. Kinachomwagwa hapa huenda chini kwa chini mpaka kisima cha kijiji ambacho hatukijui jina lake. Siku hizi, kwa sababu ya wingi wa miji, hoteli na mashamba ya nguruwe, uchafu wa maji ya chini ni shida kubwa katika Yucatán, na nchi isiyo na mto haina maji mengine ya kukimbilia. Kisha twashuka kwa ngazi iliyochongwa mwambani, mita 26 hivi, na hewa yazidi kuwa baridi. Mizizi ya miti iliyo juu imening'inia kama kamba mpaka chini, ikitafuta maji kama sisi. Juu mbingu yaonekana kama sarafu ya buluu, na mbayuwayu wazunguka ndani ya mwanga wake. Kina cha maji ni zaidi ya mita 40, kwa hiyo asiyejua kuogelea huvaa koti la kuelea, na ajuaye asijione bingwa.

Baada ya kuoga njaa huuma. Chakula kiletwacho hakitakuwa kigeni kwenu, kwa kuwa vingi mlavyo nyumbani asili yake ni pande hizo. Mahindi yalilimwa kwanza kusini ya Meksiko, yapata miaka 9,000 iliyopita, yakaletwa Afrika baada ya mwaka 1500 katika merikebu za Wazungu. Papai nalo lilitoka nchi zile, na pilipili pia. Wamaya huchemsha mahindi pamoja na chokaa kidogo, ganda likatoka na nafaka ikapata nguvu ya kulisha mwili, kisha huyasaga na kufanya mikate myembamba iokwayo juu ya chuma. Nyama huiweka katika shimo lenye mawe ya moto, wakaifunika kwa majani na udongo. Shimo hilo huitwa pib.

Tukiwa tumeshiba twaenda mashariki kilomita 40 na zaidi kidogo mpaka Valladolid. Nyumba zake ni za ghorofa moja, zimepakwa rangi za waridi, manjano na buluu hafifu, na uwanja wa kati una miti na viti, na kanisa lenye minara miwili. Ni mji wa kupendeza. Lakini Valladolid haukujengwa mahali patupu. Wahispania walianza kuishambulia Yucatán mwaka 1527 wakafukuzwa mara kwa mara. Hata Chichén Itzá walijaribu kufanya mji wao, Wamaya wakawatoa. Mwishowe walishika nchi, na mwaka 1545 wakauhamishia Valladolid penye mji wa Wamaya uitwao Zací. Wakayabomoa mahekalu, na mawe yale yale yakajenga makanisa na nyumba za wakubwa wapya. Kisima cha Zací kipo hata leo, njia chache kutoka uwanjani, nusu yake i ndani ya pango. Watawa wa Mtakatifu Fransisko nao, walipoanza nyumba yao mwaka 1552, waliijenga juu ya shimo jingine la maji, na mtaa huo huitwa Sisal, yasemekana jina latokana na maneno ya Kimaya ya "maji baridi." Likumbukeni jina hilo, tutalirudia. Mnaona kwamba Wahispania, pamoja na silaha zao, walilazimika kukaa pale pale Wamaya walipokaa, maana maji hayakuwa mahali pengine.

Katika Valladolid, tarehe 26 Julai 1847, aliuawa kwa amri ya serikali kiongozi mmoja wa Wamaya, Manuel Antonio Ay, aliyeshtakiwa kwa kupanga maasi. Siku chache baadaye vita vikawaka nchi nzima. Wamaya walikuwa wamechoka kunyang'anywa ardhi yao ya mahindi ifanywe mashamba ya miwa, na kutozwa kodi nyingi. Nusura waitwae Yucatán yote. Vita vilidumu mpaka mwaka 1901, na katika miaka hiyo Wamaya wengi waliotekwa waliuzwa wakafanye kazi katika mashamba ya Kuba, mpaka biashara hiyo ilipopigwa marufuku mwaka 1861. Sisi ambao mababu zetu waliijua njia ya utumwa twaelewa bila kuelezwa.

Jua lashuka. Kurudi Mérida twapinda kidogo mpaka Izamal, mji mdogo ambao karibu kuta zake zote ni za manjano. Juu ya jukwaa kubwa la mawe, ambalo lilikuwa hekalu la Wamaya, imekaa nyumba ya watawa yenye uwanja mpana na matao marefu pande zote. Aliyesimamia ujenzi wake ni mtawa Diego de Landa, na sanamu yake ipo mjini hata leo. Habari za mtu huyu zanitaabisha, nami ni mwalimu wa shule ya misioni.

Landa alijifunza Kimaya vizuri kuliko watawa wengi, akafundisha watoto kusoma. Lakini mwaka 1562 alisikia kwamba baadhi ya watu waliobatizwa wangali wakiabudu sanamu kwa siri. Akawakamata wengi, wakateswa ili waungame, na tarehe 12 Julai mwaka huo, katika mji wa Maní, alichoma moto sanamu zao pamoja na vitabu vyao. Vitabu hivyo vilikuwa vya gome la mti wa jamii ya mkuyu, jamii ile ile ambayo Waganda hufanyia nguo za magome. Gome lilipakwa chokaa nyeupe na kuandikwa kwa brashi, kisha likakunjwa. Yeye mwenyewe aliandika kwamba Wamaya walihuzunika mno walipoviona vikiungua. Katika vitabu vyote vya Wamaya wa kale, vinavyojulikana leo ni vinne tu. Vitatu viko Ulaya, katika miji ya Dresden, Madrid na Paris. Cha nne kiko Meksiko.

Landa aliitwa Hispania kujibu mashtaka. Alipokuwa huko aliandika habari za Wamaya: miezi yao, sherehe zao, na alama za maandishi yao, akimwuliza Mmaya mmoja mmoja kila herufi huandikwaje. Baadaye aliachiliwa akarudi Yucatán akiwa askofu. Maandishi yake yalisahauliwa, mpaka nakala yake ilipoonekana Madrid katika karne ya 19. Kwa karibu miaka mia wataalamu walijaribu kuzitumia zile herufi wakashindwa. Ndipo mwaka 1952 Mrusi kijana, Yuri Knorozov, ambaye hakuwa amekanyaga nchi ya Wamaya, alipotambua kosa. Landa alitaja majina ya herufi kwa Kihispania, na Mmaya akamwandikia sauti alizozisikia. Basi zile alama hazikuwa herufi, zilikuwa silabi: ba, ka, ku. Na Knorozov aliweza kuzisoma kwa kuwa lugha yenyewe ingali hai, ina kamusi, ina watu wa kuisema. Tangu hapo mawe yalianza kutaja majina ya wafalme na tarehe za vita vyao. Mkono uliochoma vitabu ndio uliohifadhi ufunguo. Mimi siwezi kumsamehe Landa kwa ajili hiyo, wala siwezi kuyatupa maandishi yake.

Giza laingia. Kandokando ya njia, katika mwanga wa taa za gari, yaonekana mashamba ya mimea yenye majani marefu kama panga. Mwanafunzi wa Tanga ataruka katika kiti chake: mkonge! Ni ndugu yake. Zamani nyuzi za mimea hiyo zilipakiwa merikebuni katika bandari ndogo ya Yucatán iitwayo Sisal, jina kama la ule mtaa wa Valladolid, nazo zikachukua jina hilo duniani kote. Katika miaka ya 1830 miche ilichukuliwa kutoka Yucatán ikapandwa Florida. Na mwaka 1893 Mjerumani Richard Hindorf aliagiza miche 1,000 kutoka Florida iletwe Afrika ya Mashariki. Safari ilikuwa ndefu, na iliyofika ikiwa hai karibu na Pangani ilikuwa 62 tu. Kutokana na hiyo 62 yalienea mashamba ya mkonge ya Tanga na Morogoro, na ya Kenya pia. Wamaya walioikata katika mashamba ya matajiri wa Yucatán wengi wao walifungwa kwa madeni yasiyolipika. Na juu ya manamba wa kwetu waulizeni babu zenu.

Taa za Mérida zaonekana. Mji huu nao ulianzishwa mwaka 1542 penye mji wa Wamaya ulioitwa T'ho, na kanisa lake kuu, lililomalizika mwaka 1598, limejengwa kwa mawe ya mahekalu ya hapo. Gari lasimama uwanjani mbele yake. Kiongozi atelemka kwanza, atupa mkono mmoja mmoja. Kwa Kimaya, mtu akitaka kushukuru husema, "Dios bo'otik," yaani, "Mungu alipe". Neno la kwanza ni la Kihispania, la pili ni la Kimaya. Twamwambia hivyo, kwa matamshi yetu mabovu. Naye acheka, ajibu, "Mixba'al," maana yake "Si kitu," kisha aenda zake nyumbani kulala, kwa kuwa kesho saa kumi na mbili wako wageni wengine.